Mwongozo kamili: salamu ya asubuhi yenye utani ambayo watu wataijibu

Kila wiki watu wananiletea salamu zao za asubuhi niziangalie, na malalamiko ni yale yale. Mtu ametuma kwenye kundi la familia lenye watu arobaini, amejibiwa vidole gumba vitatu na "amina" moja. Kesho yake amerudi na picha yenye maua mekundu zaidi, amepata vidole gumba viwili.

Nimezisoma kwa makini. Kosa karibu zote linafanana: ndani ya salamu hamna mtu. Imeandikwa kwa yeyote yule, kwa hiyo hakuna anayejiona ameamkiwa yeye. Utani nao umeokotwa barabarani, hauna mwenyewe pale kundini.

Hapa chini nimeandika kazi yote, hatua kwa hatua. Salamu ya kwanza itakuchukua kama robo saa. Ya kumi utaiandika huku maji ya chai yakichemka.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Jina unalomwitia mtu huyo nyumbani: bibi, wifi, shemeji, mjomba, mtani, mama fulani. Jina la kwenye kitambulisho halisaidii.
- Jambo moja la kweli lililomtokea ndani ya siku mbili tatu zilizopita. Amenunua feni, amebanwa na foleni, kuku wake ameatamia, timu yake imefungwa.
- Uhusiano wa utani kati yako na yeye. Huu ndio mtaji, nitaueleza katika hatua ya kwanza.
- Habari za nyumba: nani anaumwa, nani amefiwa, nani amegombana na nani.
- Mdomo wako, maana salamu itasomwa kwa sauti kabla ya kutumwa.

Picha ya maua, kikombe cha kahawa chenye moshi au jua linalochomoza baharini huvihitaji. Kama unayo tayari kwenye simu, iache huko huko.

## Hatua ya 1: Hakikisha una haki ya kumtania

Kwetu utani una njia zake, na kila mtu aliyekulia kwenye ukoo anazijua hata kama hajawahi kuzitaja. Kosa likifanyika hapa, hatua zote zinazofuata haziokoi kitu.

Njia pana kuliko zote ni ya babu, bibi na wajukuu. Mjukuu wa kiume ni mume wa bibi. Mjukuu wa kike ni mke mwenza wake. Maneno ambayo baba yako hathubutu kumwambia mama yake, wewe unayasema saa 12 asubuhi na yeye anacheka mpaka anashika mbavu. Kama una bibi aliye hai na hujawahi kumwamkia kwa utani, anza na yeye leo.

Ya pili ni ya mashemeji, mawifi na mabinamu, yaani watoto wa shangazi na watoto wa mjomba. Hawa wanatarajia kutaniwa. Ukiwasalimia kwa unyenyekevu siku tatu mfululizo watauliza kama umekasirika.

Ya tatu ni ya makabila: Wachagga na Wapare, Wasukuma na Wazaramo, Wahehe na Wangoni, na wengine wengi. Ya nne ni ya mpira. Simba na Yanga tunawaita watani wa jadi, na neno limekaa mahali pake. Kenya nao mechi ya Gor Mahia na AFC Leopards wanaiita Mashemeji, kwa hiyo hata kule wameona kwamba kushindana bila kugombana ni kazi ya mashemeji.

Onyo. Mama mkwe na baba mkwe hawamo. Mkuu wako wa kazi hayumo, hata akicheka sana ofisini. Mzazi wako inategemea nyumba yenu, ila salama ni kumwachia yeye aanze. Hawa wote unaweza kuwafurahisha asubuhi, lakini utani utue juu ya kitu cha tatu: jogoo, mvua, foleni, umeme. Mfano nitautoa mbele.

Ukiweza kukamilisha sentensi hii bila kusita, endelea na hatua ya pili: "Huyu ni ____ wangu, kwa hiyo akinijibu kwa kunitania sitashangaa."

## Hatua ya 2: Amkia kweli kweli

"Asubuhi njema" ndiyo inayoua salamu nyingi. Si matusi wala si kosa la sarufi, lakini ni matakwa, na matakwa hayana cha kujibiwa zaidi ya "nawe pia". Baada ya hapo mazungumzo yamekwisha, na wewe unabaki kuangalia alama mbili za bluu.

Salamu zetu za asili ni maswali. Umeamkaje? Umelalaje? Habari za tangu jana? Wanyakyusa wanasema *ugonile*, Waganda *wasuze otya*, na zote mbili zinauliza ulivyolala. Mtu akiulizwa usiku wake ulikwendaje ana la kusema: mbu, umeme, mtoto aliyekohoa, ndoto. Huko ndiko utani unakopatia chakula.

Kwa hiyo mstari wa kwanza uwe na heshima inayostahili, kisha swali.

Kwa mkubwa ni shikamoo, nzima, yenye herufi zake zote. Hizi "shkm" na "xkamoo" ziache kwa rika lako. Kama kundi lina wazee wengi, "shikamooni" inawatosha wote. Ukiwa pwani au Unguja, "sabalkheri" ina utamu wake, ila ifuate na "umeamkaje", kwa sababu yenyewe nayo ni matakwa.

Kwa mtani wa kabila kuna njia ninayoipenda kuliko zote: mwamkie kwa lugha yake. Msukuma mpe *mwangaluka*. Mgogo mpe *mbukwenyi*. Mhehe mpe *kamwene*. Mchagga mpe *shimboni*. Mjaluo mpe *oyawore*. Rafiki wa Kigali au Bujumbura mpe *mwaramutse*. Neno hilo moja linamwambia kwamba umemfikiria yeye, na kwamba mchokoo unaokuja nyuma yake ni wa mtu anayemjua. Hata ukikosea matamshi kwenye ujumbe wa sauti umempa sababu ya kukurekebisha, na kukurekebisha tayari ni kujibu.

## Hatua ya 3: Tafuta picha moja ya asubuhi

Hapa ndipo pa kukaa muda mrefu. Asubuhi yetu ina vitu: sauti ya fagio uani, ndoo zilizopangwa kwenye bomba kabla maji hayajakatika, mama wa vitumbua anayegeuza kwa kijiti, kondakta anayepiga bati la daladala, jogoo asiyejua siku za mapumziko, harufu ya mafuta ya taa kwa waliolala bila umeme. Mombasa kuna mahamri na mbaazi za nazi. Mbeya kuna ukungu na watu waliojifunga kanga mpaka masikioni.

Chagua kimoja tu, kisha kifanye kitende jambo. Angalia hii niliyoletewa:

"Amka mpendwa, jua limechomoza na siku mpya imeanza, uwe na siku yenye mafanikio tele."

Jua limechomoza kila mahali. Sasa mtu yule yule, baada ya kukaa dakika tano na kukumbuka kwamba shemeji yake ana jirani mfugaji:

"Shemeji, umeamkaje? Jogoo wa jirani yako amewika mara tatu, akasikiliza, akaona kimya. Amehamia mtaa wa pili, anasema kule kuna watu wanaoamka."

Hapo kuna mahali, kuna mnyama mwenye kazi yake, na kuna shemeji aliyelala. Halijatajwa neno "mvivu" hata mara moja, na ndiyo maana shemeji anaweza kucheka bila kujitetea.

Onyo la picha za kuokota. Wengi mnatuma picha za asubuhi zilizotengenezwa na Weusi wa Marekani. Nazipenda sana, lakini elewa kwa nini kwao zinafanya kazi. Kule asubuhi ya Jumapili ina chuma cha kunyooshea nywele kikipata moto juu ya jiko, mtoto amekaa kwenye kigoda ameshika sikio lake lisiungue, na bibi mlangoni anawahimiza watu kanisani. Mtu wa kwao akiona picha hiyo anasikia mpaka harufu. Wana hata mchezo wao wa kurushiana maneno ya kuchokozana, *the dozens*, na anayekasirika ndiye aliyeshindwa. Ni ndugu wa utani wetu kabisa. Wanachofanya wao ni kucheka vya nyumbani kwao. Ukitaka kuwaiga, iga hilo: cheka vya nyumbani kwako. Mtoto aliyebanwa katikati ya magoti ya dada yake akisukwa Jumapili jioni, halafu asubuhi anashindwa kufumba macho kwa jinsi nywele zilivyovutwa, yuko kila mtaa wa Dar es Salaam, na bado sijaona mtu akimtumia kwenye salamu.

Utajua picha imekaa pale mtu mmoja kundini atakaposema, "Kweli, hata hapa kwetu."

## Hatua ya 4: Pachika utani wenyewe

Kuna namna nyingi. Mimi natumia tatu, na kwa anayeanza zinatosha.

Kutia chumvi kwa uso mkavu. Unalikuza jambo dogo la kweli mpaka linavuka mipaka, huku unaandika kama mtu anayetoa taarifa. Chai iliyopoa inakuwa: "Chai yako imepoa, ikapashwa, ikapoa tena. Sasa inakuita kwa jina la ukoo." Usiongeze "hahaha" mwishoni. Ukicheka wewe kwanza, msomaji hana kazi iliyobaki.

Kugeuza vyeo. Mjukuu anakuwa mume anayedai haki zake. Wifi anageuka kuwa ukoo mzima uliokaa kikao. Mdogo anatoa amri, mkubwa anaambiwa ajieleze. Hii inafaa sana kwa bibi na mawifi, kwa sababu vyeo hivyo utani umeshawapa.

Kudai faini. Hii ni ya watani hasa. Mtani wa kweli hudai. Ukipita kijijini kwake anakudai soda, ukivaa shati jipya anakudai ushuru wa kulitazama, na kwenye msiba wenu anaweza kulizuia jeneza mpaka apewe chochote. Ilete asubuhi: "Nimekuota usiku umekaa kwenye kiti changu. Faini ni vitumbua vinne. Vya moto." Faida yake ni kwamba anayedaiwa lazima ajibu: akatae, alipe au adai na yeye. Ukitaka kundi lililolala liamke, tumia hii.

Kipimo cha urefu nimekipata kwenye kanga. Kanga ina pindo, ina mji, na ina jina, ule mstari mmoja wa maneno. "Japo sipati tamaa sikati" ni maneno manne na yanatosha kumnyima jirani usingizi. Kama utani wako hauwezi kukaa kwenye jina la kanga, au kwa uchache kwenye kanga mbili zilizoshonwa pamoja, bado unahitaji kupunguzwa.

Onyo, na hili nalisema kwa uzito. Usitanie mwili wa mtu, uzazi wake, ndoa yake, madeni yake wala ugonjwa wake. Na usitume zile za kucheka weusi wa ngozi, kwamba fulani taa ikizimika haonekani, kwamba fulani akicheka ndipo tunajua yupo. Zimezunguka miaka mingi na watu wanazipokea kwa kucheka kwa meno, lakini nimekaa na mabinti waliozibeba tangu darasa la tatu mpaka leo wanatafuta krimu za kujichubua. Salamu ya asubuhi ni ya kumfanya mtu ajipende anapokwenda kwenye kioo. Ikimfanya aikimbie sura yake, haijamwamkia.

## Hatua ya 5: Puliza

Panya huuma huku akipuliza, ndivyo wanavyosema wazee, na husemwa kwa mtu mnafiki. Mtani anachukua ufundi huo huo na kuufanya kwa moyo safi. Umechokoza kwa mistari miwili. Sasa mpe dua au sifa ya kweli kwa mstari mmoja.

Dua iendane na siku yake. Anayefungua duka mwombee mteja wa kwanza awe na pesa kamili asiyetafuta chenji. Anayepanda daladala ya Mbagala mwombee siti ya dirishani. Bibi mwombee nguvu za magoti. "Mungu akubariki" ni nzuri, lakini mtu anayesikia ameombewa magoti yake anajua umekumbuka kwamba yanamuuma.

Kwa nini mwishoni na si mwanzoni? Kwa sababu neno la mwisho ndilo analotoka nalo mlangoni. Ukianza na dua kisha ukamalizia na mchokoo, anaondoka na mchokoo.

## Hatua ya 6: Isome kwa sauti, kisha punguza

Soma kama unavyomsemesha aliye chumba cha pili. Mahali ulimi unapokwama, maneno yamezidi.

Sogeza neno la kuchekesha liwe mwisho wa sentensi. Linganisha: "Chai inakuita kwa jina la ukoo kwa sababu umechelewa kuamka na imepoa mara mbili" na ile ya juu iliyoishia kwenye "ukoo". Maneno ni karibu yale yale. Ya kwanza imecheka mapema, kisha ikaanza kutoa maelezo.

Mistari mitatu hadi minne inatosha. Kibonzo cha uso kimoja, au kisiwepo.

## Hatua ya 7: Angalia kundi kabla ya kutuma

Hii nimejifunza kwa maumivu. Asubuhi moja nilituma salamu ya kuwachokoza mabinamu kwenye kundi la ukoo, saa 12 na robo, bila kusoma yaliyoandikwa usiku. Juu ya salamu yangu, ujumbe mmoja tu kabla yake, kulikuwa na taarifa kwamba mdogo wake mama mkubwa amefariki saa nane usiku. Salamu yangu ya kudai vitumbua ilikaa chini ya maneno hayo kwa dakika ishirini kabla sijashtuka. Niliifuta, nikampigia simu mama mkubwa, nikalia naye. Alinisamehe. Mimi bado nikiikumbuka mwili unasisimka.

Ni kweli watani hutania hata msibani. Lakini mtani wa msibani yuko pale kwa miguu yake: amechota maji, amechimba kaburi, amebeba kuni, ndipo anatania. Aliye kitandani na simu hajaifanya hiyo kazi.

Kwa hiyo:

- Pandisha juu mazungumzo mpaka ya jana jioni kabla ya kubonyeza.
- Tuma kati ya saa 12 na saa 2 asubuhi. Baada ya saa 3 watu wako kazini na utani unageuka usumbufu.
- Kumbuka walio mbali. Muscat wako mbele ya Dar es Salaam kwa saa moja, kwa hiyo wao wameshakunywa chai. London wako nyuma kwa saa mbili au tatu, kulingana na majira, bado wamelala. Saa 12 asubuhi ya Mwanza, ndugu aliyeko Minneapolis yuko kwenye saa 3 au saa 4 usiku wa jana. Mwamkie jioni yako, au mtumie ya usiku na umwambie kesho imeshafika huku na iko salama.
- Kama una ujumbe wa kusambazwa wenye alama ya mishale miwili, jua umeshapita mikono mingi. Tangu Aprili 2020 WhatsApp inauruhusu ujumbe wa aina hiyo kwenda kwa mtu mmoja au kundi moja tu kwa wakati mmoja. Hata simu imeuchoka.

Kwa wazee wasiopenda kusoma, tuma sauti. Sekunde ishirini zinatosha. Ikisikika sufuria nyuma, vizuri zaidi.

## Salamu zilizokamilika

Mjukuu wa kiume kwa bibi

"Shikamoo mke wangu. Umeamkaje? Nimeota umenipikia viazi vitamu na chai ya rangi, halafu babu akaja kukaa kwenye kiti changu. Mwambie kiti kina mwenyewe. Mungu akupe nguvu za magoti, nikija Desemba tucheze."

Bibi mmoja alipoletewa hii kwa sauti alijibu: "Marahaba mume wangu. Kiti kipo. Kuni hazipo. Mume gani haleti kuni?" Ona alivyofanya: ameipokea ndoto, amempa nafasi yake, kisha amemdai. Hakufundishwa na mtu yeyote.

Wifi kwa wifi

"Wifi, umelalaje? Kaka yangu amepita hapa amenyooka shati kama bahasha mpya. Ukoo umekaa kikao usiku, umekubali kwamba mahari tuliyotoa ilikuwa ndogo. Tutaongeza sinia la pilau Jumamosi. Utapika wewe. Asante kwa kumtunza, tunaona."

Neno "tunaona" ndilo linalopuliza. Usiliondoe.

Mpare kwa Mchagga

"Shimboni mtani! Nimeangusha shilingi mia hapa Same, nasubiri. Kama umeisikia ujue umeamka salama, usije kwa miguu. Riziki iwe nyingi dukani leo."

Na jibu lenye heshima ya utani: "Nimeamka mtani. Iokote haraka, maana Mpare akipoteza mia shule zinafungwa watoto waje kutafuta." Hii ni ya watani wenyewe tu. Kama wewe si Mpare wala Mchagga, cheka upite.

Asubuhi baada ya mechi

"Sabalkheri mtani, umeamkaje? Taa ya sebuleni kwako imewaka usiku kucha. Nikasema ama ana mgeni, ama anahesabu magoli. Kama ni mgeni, msalimie. Kama ni magoli, msalimie golikipa. Chai ya leo nalipa mimi."

Ukitaka kudumu na mtani wa mpira, lipa hiyo chai kweli.

Kwa mama mkwe, bila kumtania

"Shikamoo mama. Umeamkaje? Huku mvua imenyesha tangu saa tisa usiku. Jogoo amewika akiwa ndani ya banda, amekataa kabisa kutoa hata kichwa. Watoto wanakusalimia, wanauliza kama huko jogoo wametoka."

Kacheka na jogoo, heshima imebaki mezani, na ana swali la kujibu.

## Ikigoma

*Hakuna aliyejibu.* Tazama kama kuna swali ndani yake. Kama lipo, basi kundi ni kubwa mno. Chukua salamu hiyo hiyo, badilisha jina, mpelekee mtu mmoja faraghani. Kesho yake yeye ndiye atakayeanza kundini.

*Wamejibu kwa stika tu.* Picha ilikuwa ya jumla. Rudi hatua ya 3.

*Mtu amekasirika.* Usimwambie "ni utani tu". Mwandikie pembeni, kwa jina lake la heshima: "Nimekuvuka, nisamehe." Kaa wiki nzima unamwamkia kwa heshima tupu. Kama utani wenu ulikuwa wa kweli, yeye ndiye atakayekuuliza mbona umekuwa mpole.

*Wamejibu, na wamekuzidi.* Hapo umefika. Usitafute neno la mwisho saa hiyo hiyo; kubali kushindwa kwa leo, lipa unachodaiwa, uje na lako kesho. Bibi akisema kuni hazipo, tuma hela ya kuni kabla ya saa nne, maana hilo swali lake lilikuwa na ukweli ndani.